Nchi haina upande, mbona inaumia? Kutafuta chanzo katika Vita Kuu ya Kwanza

Kila mwaka ninapofundisha Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia, kuna siku darasa linakwama. Ramani ya Ulaya iko ubaoni. Rangi moja ni ya Ujerumani na Austria-Hungaria, nyingine ni ya Ufaransa, Urusi na Uingereza, na pembeni yake kuna vipande vidogo vilivyoachwa vyeupe: Ubelgiji, Luxembourg, Uholanzi, Uswisi, Denmark, Norway, Sweden. Nchi hizi, nawaambia, hazikutaka upande wowote Julai 1914. Tunasoma kurasa chache, na mikono inaanza kunyooshwa. Mwalimu, kama Norway haikupigana, mabaharia wake wapatao 2,000 walikufaje? Kama Uholanzi ilikuwa na amani, kwa nini askari waliwapiga risasi watu wa Amsterdam kwa ajili ya viazi? Na Ubelgiji, yenye mkataba uliotiwa saini na wakubwa wa Ulaya, iliwezaje kuwa ya kwanza kuchomwa?

Maswali hayo ni mazuri, na majibu ya haraka huyaharibu. Kwa hiyo nimeandika mwongozo huu kama fundi anavyomwelekeza mwanagenzi wake: dalili ni hii, chanzo ambacho kila mtu hukikimbilia ni hiki, chanzo chenyewe ni kile, na hivi ndivyo unavyojaribu kama umekipata. Nchi moja inaweza kuwa na dalili mbili au tatu kwa pamoja, basi usisimame kwenye ya kwanza.

Kabla ya kufungua chochote

Usianze kwa kuuliza nchi ndogo ilitaka nini. Karibu zote zilitaka kitu kimoja, waachwe. Uliza hivi: jirani mwenye bunduki anapata nini nchi hii ikibaki nzima, na anapata nini ikivunjwa? Liulize swali hilo mara mbili, mara moja kwa kila upande wa vita. Mimi naamini majibu hayo mawili yanafungua robo tatu ya mafumbo yote yaliyo hapa chini.

Mwanafunzi mmoja atakutolea methali ya tembo na nyasi. Ni methali ya kweli, lakini hapa itakupoteza njia. Nyasi hazina bandari wala reli, na haziwauzii siagi tembo wote wawili. Nchi hizi zilikuwa na vyote hivyo.

Jambo jingine la kuangalia mapema: ni aina gani ya kutoegemea upande? Uswisi (1815), Ubelgiji (1839) na Luxembourg (1867) ziliwekewa hali hiyo kwa mikataba ya mataifa makubwa, iwe ya kudumu. Uholanzi na nchi za Skandinavia zilijichagulia wenyewe, na zingeweza kubadili nia siku yoyote. Ukizichanganya, utaishia kutafuta mkataba usiokuwepo.

Dalili: mkataba upo, saini zipo, na nchi imevamiwa

Hii ni Ubelgiji. Mkataba wa London wa 1839 uliitaka isiegemee upande daima, na miongoni mwa waliotia saini ilikuwemo Prussia, iliyokuja kuwa kiini cha dola ya Ujerumani. Jioni ya tarehe 2 Agosti 1914 balozi wa Ujerumani mjini Brussels alipeleka barua: jeshi letu litapita, mna saa 12 za kujibu. Mfalme Albert na mawaziri wake walikesha, wakakataa. Asubuhi ya tarehe 4 Wajerumani walivuka mpaka.

Wengi hutaja udhaifu kuwa ndio chanzo. Kijaribu: Denmark ilikuwa dhaifu zaidi, inapakana na Ujerumani, na haikuvamiwa. Kwa hiyo udhaifu peke yake hautoshi.

Sasa weka kidole kwenye mji wa Aachen, ukivute magharibi hadi Paris. Kinapita Liège, mahali reli na barabara zinapokutana kando ya mto Meuse. Mpaka wa moja kwa moja kati ya Ujerumani na Ufaransa ulikuwa umefungwa kwa ngome za Verdun, Toul, Épinal na Belfort, na mpango wa Ujerumani ulitaka Ufaransa ishindwe kwa wiki chache tu kabla Urusi haijakusanya majeshi yake. Kwa haraka hiyo, njia iliyobaki ilikuwa tambarare ya Ubelgiji. Ujerumani ilipata kidogo Ubelgiji ikibaki nzima, na ilidhani itapata Paris ikiivunja.

Ushahidi ulitoka kwenye kinywa cha mvunjaji. Siku ile ile ya tarehe 4, Chansela Bethmann Hollweg aliliambia Bunge lake kwamba dhiki haijui sheria, kwamba malalamiko ya Luxembourg na Ubelgiji ni ya haki, na kwamba Ujerumani italifidia kosa hilo ikishafikia lengo lake la kijeshi. Ungamo hilo lisome polepole. Waliovamiwa hawakuwa wamemkosea kitu, walikuwa njiani.

Hapo darasa huruka kusema kwamba mkataba ulikuwa bure. Subiri kwanza. Maneno "kipande cha karatasi" ni ya Bethmann Hollweg mwenyewe, alipokuwa akimlalamikia balozi wa Uingereza kwamba nchi yake inaingia vitani kwa ajili ya kitu kama hicho. Mawaziri wa Uingereza walikuwa wamegawanyika siku chache tu kabla. Uvamizi wa Ubelgiji ndio uliowakusanya wengi wao pamoja. Karatasi haikuzuia mlango usivunjwe, lakini iliamua nani atakuja kupigana na aliyeuvunja, na hilo likageuza vita vyote.

Gharama yake sitaipita haraka. Katika mji wa Dinant, tarehe 23 Agosti, wanajeshi wa Ujerumani waliua raia 674, wakiwemo watoto wachanga. Siku mbili baadaye walianza kuuchoma mji wa Leuven, na maktaba ya chuo kikuu ikateketea na vitabu vyake vya karne nyingi. Katika wiki zile za kwanza raia zaidi ya 5,000 wa Ubelgiji waliuawa. Ukiuliza kwa nini, utaambiwa wenyeji walikuwa wakifyatua risasi wakiwa wamejificha. Wanajeshi wengi waliliamini hilo kwa dhati, lakini waliofuatilia tukio moja baada ya jingine wamekuta kwamba jeshi la siri la raia halikuwepo. Palikuwa na woga, usiku, uchovu, ulevi, na vikosi vya Wajerumani vilivyorushiana risasi vyenyewe kwa vyenyewe. Kisha wasiokuwa na hatia wakalipa.

Walionusurika walikutana na njaa. Ubelgiji ilikuwa ikiagiza sehemu kubwa ya nafaka zake kutoka nje, na sasa Uingereza ilikuwa imefunga bahari kwa kila eneo lililo mikononi mwa Ujerumani. Tume ya misaada iliyoongozwa na Herbert Hoover, Mmarekani aliyekuja kuwa rais, ililisha mamilioni ya watu kwa miaka minne. Na kuanzia mwisho wa 1916 wanaume wapatao 120,000 walichukuliwa kwa nguvu wakafanye kazi Ujerumani au nyuma ya mstari wa mapigano.

Luxembourg ilivamiwa siku mbili kabla ya Ubelgiji, tarehe 2 Agosti, kwa ajili ya reli zake. Jeshi lake lilikuwa na watu mia chache tu, na serikali ikapinga kwa barua. Wajerumani waliiacha serikali hiyo iendelee kukaa. Haikuchomwa kama Leuven, lakini Mtawala Marie-Adélaïde, aliyekuwa amewapokea wakubwa wa Ujerumani nyumbani kwake, alilaumiwa vita vilipokwisha, akaachia kiti Januari 1919. Sipendi mtu anaponipa mfano huu kuonyesha kwamba Ubelgiji ilikosea kukataa. Luxembourg haikuwa na cha kukataa nacho.

Dalili ile ile, upande wetu wa dunia

Kuna tawi la dalili hii ambalo vitabu vingi vya Ulaya hulisahau. Mkataba wa Berlin wa 1885, katika kifungu cha 11, uliruhusu eneo lote la bonde la Kongo, kwa mipaka mipana iliyofika hadi pwani ya Bahari ya Hindi, litangazwe kuwa nje ya vita vya Ulaya. Ndani yake zilikuwemo Kongo ya Ubelgiji na Afrika Mashariki ya Kijerumani, yaani Tanganyika, Rwanda na Burundi. Ubelgiji ilijaribu mwanzoni kuiweka Kongo nje ya vita. Gavana Heinrich Schnee wa Dar es Salaam naye alitaka koloni lake liachwe.

Kwa nini haikufanya kazi? Rudi kwenye swali la kwanza. Ujerumani ingefaidika, kwa kuwa bahari ya kulifikia koloni lake haikuwa yake. Uingereza ilikuwa na bahari na India, na haikuona faida. Tarehe 8 Agosti 1914 manowari yake iliupiga mizinga mnara wa simu ya upepo wa Dar es Salaam. Mwezi huo huo boti za Wajerumani zilishambulia upande wa Kongo katika ziwa Tanganyika, na Ubelgiji ikaacha kuzungumzia kifungu cha 11.

Septemba 1916 jeshi la Kongo ya Ubelgiji, askari wake Waafrika chini ya Jenerali Tombeur, liliingia Tabora. Vita vilipokwisha Ubelgiji ilipewa Rwanda na Burundi, na mwaka 1921 ikapewa maeneo ya bandari Dar es Salaam na Kigoma. Wenyeji wa nchi hizi hawakuulizwa na mtu walipowekwa nje ya vita kwenye karatasi, wala walipoingizwa ndani. Wapagazi walikufa kwa makumi ya maelfu, wengi kwa maradhi na njaa. Jina la Kariakoo ya Dar es Salaam linatokana na kikosi cha wapagazi wa Waingereza.

Dalili: nchi mbili jirani, moja imevamiwa, nyingine haijaguswa

Ukiielewa Uholanzi, umeuelewa mwongozo huu wote. Inapakana na Ubelgiji na Ujerumani, ni tambarare, na mkoa wake wa Limburg unaning'inia kusini kama ulimi katikati ya majirani hao wawili. Mpango wa kwanza wa Schlieffen, mkuu wa majeshi wa Ujerumani wa zamani, ulikusudia kupitisha jeshi hapo pia. Ungerahisisha kazi, kwa sababu kuzunguka ulimi ule kulimaanisha majeshi mawili makubwa kubanana katika njia nyembamba ya Aachen na kulazimika kuitwaa Liège kwa haraka.

Moltke, mrithi wa Schlieffen, aliubadilisha. Alisema wazi kwamba Uholanzi lazima iwe koo la Ujerumani la kuvutia pumzi. Alihofia vita vitakuwa virefu na Uingereza itafunga bahari. Rotterdam ikibaki bandari ya nchi isiyo na upande, mizigo ya dunia ingeendelea kuingia na kupanda mto Rhine. Angeiteka, Uingereza ingeifunga siku hiyo hiyo. Ujerumani ilipata zaidi Uholanzi ikibaki nzima.

Wapo wanaosema Uholanzi ilinusurika kwa jeshi lake. Si uongo kabisa. Iliita wanajeshi wapatao 200,000 tangu tarehe 31 Julai 1914 na kuwaweka mipakani miaka minne, na hilo lilimwongezea gharama yeyote aliyefikiria kupita. Lakini Ubelgiji nayo ilikuwa na jeshi, na ngome 12 za Liège.

Uliza upande wa pili pia. Uingereza ilipata nini Uholanzi ikibaki nzima? Ilipata pwani isiyokuwa mikononi mwa Wajerumani, na ilipata namna ya kulibana koo lile bila kupigana. Nitaeleza hapa chini.

Denmark ni mfano mfupi wa jambo hilo hilo. Agosti 1914 Ujerumani iliiuliza kama itaweka mabomu katika njia zake za bahari ziendazo Baltiki. Denmark iliyaweka yenyewe, ikijua kwamba ikikataa, Wajerumani watakuja kuyaweka na huenda wasiondoke. Kwa sheria kali hilo ni kusaidia upande mmoja. Uingereza iliuelewa mkwamo huo na haikulipiza. Hata hivyo Wadenmark walikufa: wale wa Schleswig Kaskazini, iliyokuwa chini ya Ujerumani tangu 1864, waliandikishwa katika jeshi la Kaizari, na zaidi ya 5,000 hawakurudi.

Dalili: mpaka wa nchi yenye amani unaua watu

Oktoba 1914, Antwerp ilipoanguka, Wabelgiji karibu milioni moja walikimbilia Uholanzi, nchi ya watu milioni sita na kitu. Walilala makanisani, ghalani, vibandani, majumbani mwa watu wasiowajua. Wengi walirudi kwao baada ya wiki chache, lakini wapatao laki moja walibaki hadi mwisho. Wanajeshi wa Ubelgiji na wa Uingereza waliovuka waliwekwa kizuizini kambini, maana sheria inaitaka nchi isiyo na upande iwanyang'anye silaha na kuwazuia wasirudi vitani.

Mwaka 1915 Wajerumani walijenga uzio wa waya wa umeme wa volti 2,000 kwenye mpaka wa Ubelgiji na Uholanzi. Walitaka kuzuia vijana waliokwenda kujiunga na jeshi la Mfalme Albert kupitia Uholanzi na Uingereza, pamoja na wapelelezi, barua na magendo. Mamia ya watu waliungua pale. Wakati huo wanavijiji wengi hawakuwa na umeme nyumbani, na wengine hawakujua kwamba waya unaweza kuua bila kumchoma mtu kwa ncha. Nimewahi kusahihisha insha ikisema mpaka huo ulikuwa wa amani kwa sababu hapakuwa na mapigano. Mwanafunzi hakuwa mzembe, ramani ndiyo haionyeshi waya.

Dalili: haijavamiwa, haijapigana, na watu wana njaa

Hapa makosa ni mengi kuliko kokote, kwa hiyo nenda taratibu.

Chanzo cha kwanza ni bahari. Uingereza iliizuia mizigo iendayo Ujerumani, na kwa kuwa mizigo ilipitia nchi zisizo na upande, ikadai uhakika kwamba kila gunia litaliwa pale linaposhushwa. Serikali ya Uholanzi haikuweza kutoa ahadi hiyo bila kuonekana imechukua upande. Basi Novemba 1914 wafanyabiashara wake walianzisha shirika lao, NOT, likawa ndilo mpokeaji wa mizigo ya ng'ambo na kuahidi kwamba haitauzwa Ujerumani. Serikali ikabaki na mikono safi, biashara ikaendelea, na Uingereza ikapata jicho ndani ya bohari za Rotterdam. Uswisi ilifanya mpango wa namna hiyo mwaka 1915.

Chanzo cha pili ni mwaka 1917. Tarehe 1 Februari Ujerumani ilianza kuzamisha meli bila kubagua kwa nyambizi zake. Aprili Marekani iliingia vitani, na muuzaji mkubwa wa nafaka aliyekuwa nje ya vita akawa naye anauliza chakula chake kinakwenda wapi. Uholanzi ilifungiwa na pande zote mbili za vita. Machi 1918 Marekani na Uingereza zilitwaa zaidi ya meli 100 za Kiholanzi zilizokuwa bandarini mwao, kwa haki ya zamani inayoiruhusu dola iliyo vitani kutumia meli za wageni kwa malipo.

Ukiishia hapo umeona nusu tu. Kajaribu hivi: tafuta nani alikuwa akitajirika mahali hapo hapo, mwaka huo huo. Denmark iliwapa jina, mabwana wa gulashi, kwa wale waliotajirika kwa kuuza nyama mbovu ya makopo kwa majeshi ya Ujerumani. Wakulima wa Uholanzi waliuza siagi, jibini na nyama ya nguruwe kwa bei ambayo mfanyakazi wa bandarini hakuweza kuikaribia. Mashariki na kusini, magendo yalivuka mpaka usiku. Kwa hiyo uhaba uliletwa na bahari iliyofungwa, na ukakuzwa na mlango wa nyuma uliokuwa wazi.

Ndiyo maana Amsterdam ililipuka Julai 1917. Viazi vilikuwa vikipakiwa kwenda nje huku wanawake wa mitaa ya maskini wakirudi na vikapu vitupu. Walivamia boti na bohari, jeshi likaitwa, na watu kadhaa wakauawa. Sweden miezi michache kabla ilikuwa na maandamano ya njaa katika miji mingi, na Waziri Mkuu Hjalmar Hammarskjöld, aliyeshikilia haki za kisheria za nchi yake mpaka makubaliano ya kibiashara na Uingereza yakashindikana, aliondoka madarakani Machi 1917 akiwa amebadilishiwa jina mitaani: Hungerskjöld, kutokana na neno lao la njaa.

Swali la kupima kama umeelewa: kwa nini njaa ilibana zaidi mwaka wa tatu na wa nne kuliko wa kwanza? Mwenye kujibu kwa neno "vita" bado hajafika.

Dalili: meli zinazama ingawa zina bendera isiyo na upande

Norway iliishi kwa meli. Iliwabebea wengine mizigo, na vita vilipandisha nauli kiasi kwamba wenye meli mjini Bergen walitajirika kwa miezi. Nyambizi haikuwa na nafasi wala subira ya kukagua bendera na shehena, na kuanzia 1917 haikutakiwa hata kujaribu.

Lakini mbona Norway iliumia kuliko Denmark au Sweden? Kwa sababu meli zake zilikuwa zikienda Uingereza. Uingereza ilinunua kwa siri sehemu kubwa ya samaki wa Norway mwaka 1916 ili wasifike Ujerumani, na mpango ulipokwenda kombo ikazuia makaa ya mawe katika baridi kali ya mwisho wa mwaka huo. Nchi iliyopata baridi bila makaa haikuchelewa kukubali. Mwaka 1917 wenye meli walipatana na Uingereza: meli zitaendelea kusafiri, makaa yataendelea kuja. Wanahistoria huiita Norway mshirika asiye na upande. Karibu nusu ya uwezo wa meli zake za biashara ulizama, na mabaharia wapatao 2,000 wakafa. Waliotajirika kwa nauli walikuwa nchi kavu.

Dalili: hakuna adui, na nchi inagombana yenyewe

Uswisi. Wengi waliokuwa wakisema Kijerumani waliitakia Ujerumani ushindi, na wasemao Kifaransa waliumia na Ubelgiji kama vile imechomwa Geneva. Jenerali wa jeshi, Ulrich Wille, aliipenda Ujerumani bila kuficha, na mkewe alitoka ukoo wa Bismarck. Mwaka 1916 ilijulikana kwamba makanali wawili wa makao makuu walikuwa wakiwapa Wajerumani na Waaustria taarifa za siri za jeshi. Adhabu yao ilikuwa nyepesi, na upande wa Kifaransa ukachemka. Mwaka uliofuata waziri wa mambo ya nje, Arthur Hoffmann, alijaribu kwa siri kusaidia amani kati ya Ujerumani na Urusi peke yake, jambo ambalo lingeiachia Ujerumani nguvu zote dhidi ya Ufaransa. Telegramu yake ikafichuka, akajiuzulu, na nafasi yake akapewa Gustave Ador wa Geneva, rais wa Kamati ya Kimataifa ya Msalaba Mwekundu.

Usidhani lugha ndiyo chanzo chote. Askari walikaa mipakani miezi mingi bila mshahara wa kuzitunza familia, bei zikapanda, na Novemba 1918 wafanyakazi wapatao 250,000 waligoma kwa pamoja. Lugha ilipasua nchi magharibi na mashariki, na mkate ukaipasua juu na chini. Ukipata ufa mmoja, tafuta mwingine.

Ugiriki iligawanyika vibaya zaidi, kati ya Mfalme Constantine, aliyeoa dada wa Kaizari, na Waziri Mkuu Venizelos, aliyetaka kuingia upande wa Uingereza na Ufaransa. Oktoba 1915 majeshi ya mataifa hayo mawili yalishuka Thessaloniki wakati Ugiriki ingali nje ya vita. Mwaka 1916 ilikuwa na serikali mbili. Juni 1917 mfalme aliondolewa, nchi ikaingia vitani.

Dalili: haikuwa vitani 1914, imo vitani kabla ya mwisho

Ureno haikutangaza vita wala haikutangaza kutoegemea upande. Chanzo usikitafute Lisbon, kitafute Msumbiji na Angola. Uingereza na Ujerumani zilikuwa zimewahi kuzungumza, mwaka 1898 na tena muda mfupi kabla ya vita, jinsi ya kugawana makoloni ya Ureno kama ingefilisika. Viongozi wa jamhuri changa waliona kwamba asiyekuwepo mezani atakuwa chakula. Februari 1916 walitwaa meli za Kijerumani zipatazo 70 kwa ombi la Uingereza, na tarehe 9 Machi Ujerumani ikatangaza vita. Mwezi uliofuata Wareno waliirudisha Kionga, kona ndogo kusini mwa mdomo wa mto Ruvuma iliyochukuliwa na Wajerumani mwaka 1894. Novemba 1917 von Lettow-Vorbeck, kamanda wa jeshi la Wajerumani Afrika Mashariki, naye aliuvuka Ruvuma, akaipiga kambi yao ya Ngomano, akajichukulia bunduki, risasi na chakula cha kuendelea na vita.

Dalili ya mwisho: uchunguzi ulikuwa sahihi 1914, unashindwa 1940

Mwanafunzi mwerevu atakuuliza: kama Uholanzi ilinusurika kwa kuwa koo la Ujerumani, mbona tarehe 10 Mei 1940 ilivamiwa? Liulize tena swali la kwanza, kwa mwaka ule. Mwaka 1940 Ujerumani ilikuwa ikipata nafaka na mafuta kwa mkataba wa biashara na Umoja wa Kisovieti, na hilo koo halikuwa na umuhimu ule wa zamani. Ilichotaka sasa ni pwani na viwanja vya ndege karibu na Uingereza. Uholanzi haikuwa imebadilika. Majibu ya jirani ndiyo yaliyobadilika.

Asubuhi ya tarehe 10 Novemba 1918 Kaizari Wilhelm, akiikimbia nchi yake, alifika kwenye kituo cha treni cha Eijsden, katika ulimi ule wa Limburg ambao Moltke aliuzunguka, akasubiri pale wakati serikali ya Uholanzi huko The Hague ikiamua kama ataingia. Waliamua aingie. Washindi walipodai akabidhiwe ahukumiwe, Uholanzi ilikataa, ikisema nchi isiyo na upande haina wajibu huo. Alinunua nyumba Doorn akaishi humo, akichanja kuni. Alifariki Juni 1941, na waliosimama langoni kwake walikuwa wanajeshi wa Ujerumani.